Alicheza filamu mbili, kisha simu ikanyamaza. Je, mdogo wangu alidhulumiwa?

"Mdogo wangu wa kiume ana miaka 28, tunakaa Mtopanga, Kisauni. Mwaka wa 2019 alikuwa akiendesha tuktuk ya mjomba. Watu wa filamu wakamwona stendi ya Bombolulu, wakamuomba wampige video, na baada ya muda akaambiwa yeye ndiye mhusika mkuu. Walipiga filamu kwa wiki tano, Mji wa Kale na Likoni, akalipwa elfu 180 kwa jumla. Filamu ikazunguka matamasha ya nje, naye akapelekwa Ulaya siku nne. Mwaka wa 2021 akapata sehemu ndogo kwenye filamu nyingine. Tangu hapo, kimya. Tuktuk hataki kuirudia, asema yeye ni mwigizaji. Mtaani wanamwita staa na kumkopa pesa, wengine wanasema anazo amezificha. Mama anaamini ni hasad. Juzi tumeiona ile filamu ya kwanza kwenye programu ya simu ya kulipia, na yeye hakupata hata shilingi. Sasa anataka nimkopee elfu 150 kwenye chama chetu ahamie Nairobi. Je, alidhulumiwa? Kipaji kimekwisha? Nimkopee? Mkataba aliosaini uko kwa Kiingereza na hatukuuelewa wote."

Dada yangu, swali la mkopo ndilo la haraka, lakini nadhani silo linalokukosesha usingizi. Ulimwona mdogo wako akipandishwa, ukamwona akiachwa, na katika wale waliompandisha hakuna aliyekaa nanyi akawaeleza kilichotokea. Kazi yangu ni kutafuta waigizaji wa filamu na tamthilia zinazopigwa huku Pwani, na vijana waliopitia njia yake nawajua vizuri. Nitaeleza kwa kirefu, maana mkishaelewa kazi hii inavyokwenda, uamuzi wa pesa utakuwa mwepesi.

Kipaji hakijaisha. Mtu asiyejua kuigiza habebi uhusika mkuu kwa wiki tano mbele ya kamera, na aliyeharibu kazi ya kwanza haitwi ya pili. Wengi wanaookotwa mtaani kwa filamu za namna ile hucheza moja tu, basi. Yeye alicheza mbili. Kwa hiyo msianze kwa kutafuta alikokosea.

Filamu za kujitegemea, na ile ya kwanza naona ni mojawapo, hazina kampuni kubwa wala kituo cha televisheni nyuma yake. Mwongozaji na mtayarishaji huzunguka na andiko lao miaka miwili, mitatu, wakiomba fedha kwenye mifuko ya ruzuku: Hubert Bals Fund ya tamasha la Rotterdam, World Cinema Fund ya Berlin, hapa kwetu DocuBox ya Nairobi. Fedha hizo hutolewa kwa ajili ya kutengeneza filamu moja, na kila senti hutolewa hesabu. Hakuna fungu la kumtunza mwigizaji baada ya kamera kuzimwa. Kupiga filamu kukiisha, kinachobaki kinakwenda kwa kuhariri, sauti, rangi na tafsiri ya maandishi ya chini. Mdogo wako aliporudi Mtopanga, kazi yake kwao ilikuwa imekwisha, ingawa filamu yenyewe ilikuwa haijazaliwa bado.

Ile safari ya Ulaya ndiyo inayowapotosha majirani. Mtu akisimama kwenye zulia jekundu amevaa suti, sisi huku tunaona utajiri. Kwa kawaida tamasha au mtayarishaji hulipa tiketi ya ndege, hoteli na pengine posho ndogo ya chakula. Kusimama kule hakulipwi. Suti yenyewe mara nyingi ni ya kuazima. Waambie hivyo wanaomkopa, na uwaambie mbele yake, ili naye asione haya kwamba hana. Vijana wengi hujifungia ndani kwa sababu ya haya hiyo, kuliko kwa ajili ya kukosa kazi.

Sasa malipo. Wiki tano kwa siku sita ni siku 30, kwa hiyo elfu 180 ni elfu sita kwa siku. Kwa mhusika mkuu aliye karibu katika kila tukio, hiyo ni upande wa chini. Kwa filamu ndogo na sura isiyojulikana, si jambo la ajabu. Mimi ningempigania apate zaidi, lakini siwezi kukuambia aliibiwa. Dhuluma, kama ipo, itaonekana kwenye mkataba: waliahidi nini, na wametimiza nini.

Mkataba wa Kiingereza alioutia saini naukisia, kwa sababu mingi inafanana. Ndani yake kutakuwa na kifungu kinachosema kwamba malipo yale ni ya mara moja, na kwamba mtayarishaji anaweza kuionyesha filamu popote duniani, kwa njia zote zilizopo na zitakazobuniwa. Kama kifungu hicho kipo, filamu inaweza kuuzwa kwenye programu kumi za simu na mdogo wako asidai kitu, labda kiwe na nyongeza. Nyongeza ya kawaida ni ahadi ya asilimia ya faida. Hapa niwe mkweli kabisa: asilimia ya faida katika filamu za kujitegemea ni pesa ambayo karibu haifiki.

Tuchukue hesabu ya mfano tu. Programu inanunua haki ya kuonyesha filamu miaka miwili kwa dola 20,000. Wakala wa mauzo anakata robo, zinabaki 15,000. Anatoa na gharama zake: mabango, tafsiri, kwenda kwenye masoko ya filamu, tuseme 6,000. Zinabaki 9,000. Hapo wanaingia waliokopesha mtayarishaji, kisha yule mtu wa sauti aliyekubali nusu ya malipo yake yacheleweshwe, kisha mwongozaji ambaye huenda hakujilipa. Neno "faida" linaanza kuhesabiwa baada ya wote hao. Mdogo wako ana asilimia mbili ya sifuri, na kisheria hakuna aliyemdanganya.

Watu wanashangaa kwa sababu wamesikia kwamba waigizaji wa Marekani hulipwa kila filamu ikirudiwa. Ni kweli, lakini kule kuna chama cha waigizaji, SAG-AFTRA, kilichofunga makubaliano na watayarishaji, na malipo hayo ni ya kazi zilizofanywa chini ya makubaliano hayo. Sisi hatuna makubaliano ya nguvu hiyo. Kenya Actors Guild ipo na inafaa mdogo wako ajiunge, ila haijafika pale.

Lakini hana haki kabisa? Anayo. Sheria ya Hakimiliki ya 2001 inampa mtayarishaji umiliki wa filamu kwa kuwa ndiye aliyepanga itengenezwe, ila kifungu cha 30 kinampa mwigizaji haki zake juu ya uigizaji wake, na haki hizo hudumu miaka 50. Kuna pia malipo yanayokusanywa na vyama vya haki za waigizaji pale kazi zinapotangazwa hadharani. PRISK ndilo jina ambalo wengi wanalijua. Vyama hivi hupewa leseni na KECOBO, bodi ya hakimiliki, na leseni hubadilika, kwa hiyo aulize KECOBO moja kwa moja ni chama gani kimeidhinishwa mwaka huu kabla ya kujaza fomu yoyote. Ajisajili. Asitegemee malipo hayo yatamlipia kodi ya nyumba.

Nije kwenye kimya, maana ndicho kinachouma.

Mwongozaji alimwambia nini siku ya mwisho? Nina hakika alimwambia "tutafanya kazi tena," na nina hakika alimaanisha. Ila mwongozaji wa filamu za kujitegemea naye akimaliza moja anarudi kuomba fedha, na kati ya filamu na filamu miaka minne si mingi. Ikija inayofuata, hadithi ni nyingine. Labda ni ya mwanamke mzee wa Lamu. Alimpenda mdogo wako kwa sababu alilingana na hadithi ile, na hadithi ile imeshasimuliwa.

Mfano wa kwetu ni filamu ya Ulrich Seidl, Paradies: Liebe. Ilipigwa kwenye fukwe zetu za Pwani, na wanaume walioigiza ni vijana wa ufukweni wasiokuwa waigizaji. Mwaka wa 2012 iliingia kwenye mashindano ya tamasha la Cannes, Ufaransa, mahali ambapo waigizaji wengi wenye majina hawafiki maisha yao yote. Filamu ile ilikuwa ya kwanza katika mfululizo wa filamu tatu. Unajua mbili zilizofuata zilikuwa wapi? Austria, nyumbani kwa mwongozaji, na hadithi zake hazikuwa na kijana wa Pwani. Hakuna aliyewafukuza wale vijana. Hadithi ilihama tu, wao wakabaki ufukweni.

Jambo hili ni la zamani na la dunia nzima. Lamberto Maggiorani alikuwa mfanyakazi wa kiwandani Roma alipochaguliwa na mwongozaji Vittorio De Sica kucheza baba katika Ladri di biciclette ya mwaka 1948, filamu inayofundishwa hadi leo. Baadaye alipoteza kazi ya kiwandani, na kwenye filamu hakupata tena ila vijisehemu.

Anayenigusa zaidi ni Nazif Mujić wa Bosnia. Alikuwa akiokota vyuma chakavu. Mkewe mjamzito alipoharibikiwa na mimba, hospitali ilikataa kumhudumia kwa kukosa bima, na mwongozaji Danis Tanović akasoma habari hiyo gazetini, akaenda kuwaomba mume na mke waigize yaliyowapata wenyewe. Ilipigwa kwa siku chache na pesa kidogo sana. Februari 2013, tamasha la Berlin likampa Mujić tuzo ya mwigizaji bora, Dubu wa Fedha. Fikiria, dada: mwigizaji bora wa Berlin, mbele ya watu waliosomea kazi hiyo. Akarudi kijijini kwake kuokota vyuma. Akajaribu kuomba ukimbizi Ujerumani, akakataliwa. Mwishowe aliiuza ile tuzo kwa euro 4,000, na mwaka wa 2018 akafariki akiwa hajatimiza hata miaka 50.

Sikusimulii haya kukutia hofu. Nayasimulia kwa sababu mdogo wako anaamini ni yeye peke yake, na mama anaamini ni jicho la mtu. Dua ya mama msiikataze, mwacheni amwombee mwanawe. Ila mwonyesheni pia kwamba yaliyompata yana sababu inayoonekana, na hakuna jirani aliyeyafanya. Nimeona nyumba zikivunjika udugu kwa kutafuta mwenye hasad, na kijana akazidi kukwama kwa kuwa ameambiwa kazi yake imefungwa.

Wapo waliotoka. Barkhad Abdi alikuwa dereva Minneapolis alipochukuliwa kwa filamu ya Captain Phillips ya 2013. Alishinda BAFTA, tuzo ya filamu ya Uingereza, bado akapita kipindi cha kukosa pesa, lakini aliendelea hadi akapata kazi nyingine kubwa. Tofauti mojawapo ni kwamba filamu yake ilikuwa ya studio, ikaonwa na mamilioni, naye alikuwa tayari Marekani, kwenye soko. Tofauti nyingine ni kwamba alijifunza kazi. Hapo ndipo penye swali la mdogo wako.

Filamu za aina aliyocheza hupigwa kwa subira. Mwongozaji akimchukua mtu asiye mwigizaji hamwachii mswada mzima akariri. Humweleza tukio asubuhi ileile, humwacha aseme kwa maneno yake, na akiweza hupiga matukio kwa mfuatano wa hadithi ili kijana ajue alikotoka. Wakikosa, wanarudia mara kumi, ishirini. Mara nyingi uhusika wenyewe hukatwa ukamfaa: sitashangaa kusikia kwamba kwenye filamu mdogo wako pia alikuwa kijana wa stendi. Uigizaji ule ni wa kweli na ni mgumu, kwa sababu unamtaka mtu awe yeye huku watu 20 wamemzunguka na kifimbo cha maikrofoni kiko juu ya kichwa chake.

Mpeleke sasa kwenye tamthilia ya televisheni. Jana usiku ametumiwa kurasa kumi kwa WhatsApp. Saa kumi na mbili asubuhi yuko kwenye seti, na tukio la kwanza ni la kipindi cha 14, ambapo mkewe ameshakufa. La pili ni la kipindi cha 11, ambapo ndio kwanza wanaposana. Sakafuni kumebandikwa vipande vya solotepu vya rangi, cha buluu ni chake. Anatakiwa atoke mlangoni akisema maneno yake yaleyale yaliyoandikwa, asimame juu ya kile kipande bila kukitazama, kwa kuwa hapo ndipo taa na kamera zilipopimiwa. Akipitiliza nusu hatua, uso unaingia kivulini. Atarudiwa mara mbili, labda tatu, kwa sababu leo kuna matukio mengine tisa na nyumba waliyokodi inarudishwa jioni. Baada ya hapo mkono wa kulia uliogusa meza kwenye kamera ya mbali lazima uiguse tena kwenye kamera ya karibu, kwenye neno lilelile.

Hiyo ndiyo kazi inayolipa mwigizaji wa Kenya mwezi kwa mwezi. Haihitaji kipaji kikubwa kuliko alichonacho, inahitaji ufundi ambao wiki tano zile hazikumfundisha. Nimewaona vijana wa filamu nzuri wakija kwenye usaili wa tamthilia wakaganda, wakarudi nyumbani wakiamini kwamba ile ya kwanza ilikuwa bahati. Haikuwa bahati. Walikuja na nusu ya kazi.

Kuna jambo jingine ambalo lazima alijue, kwa kuwa anatoka Pwani. Nairobi wakitafuta mwigizaji wa huku, mara nyingi wana orodha fupi kichwani: mganga, kijana wa ufukweni, mtumiaji wa dawa, gaidi, na mwanamke wa majini. Lafudhi yake itamfungulia mlango, kisha itajaribu kumfungia chumbani humo. Simwambii akatae kazi hizo. Namwambia asizifanye tatu mfululizo zinazofanana, kwa sababu ya nne hataitiwa kitu kingine.

Kwa hiyo Nairobi? Ndiko kuliko na kazi nyingi, hilo silifichi. Lakini kwenda na elfu 150 za mkopo wa chama ni kumfunga mwenzako jiwe kisha umwambie aogelee. Akitoa dipositi na kodi, akanunua godoro, akala, akalipa nauli za kwenda usaili unaomrudisha mikono mitupu, pesa hizo hazifiki mwezi wa tano. Mwigizaji mwenye deni hukubali chochote, na kuna watu wanaoishi kwa kuwawinda wa namna hiyo. Akiambiwa alipe ada ya fomu, ada ya usajili, ada ya kupigwa picha ili asailiwe, aondoke. Kazi ya kweli haimtozi mwigizaji. Akiitwa usaili kwenye chumba cha hoteli usiku, aondoke pia, hata kama ni mwanamume.

Ningekuwa mimi ningemzuia kuhama, nisimzuie kwenda. Siku hizi hatua ya kwanza ya usaili mara nyingi hufanywa kwa video ya simu: unapewa ukurasa mmoja, unajipiga mbele ya ukuta mweupe, unatuma. Hilo linawezekana kutoka Mtopanga. Akiitwa ana kwa ana, treni ya Miritini inamfikisha Nairobi kwa saa tano hivi, alale kwa ndugu, arudi. Akipata kazi ya miezi, hapo ndipo ahamie, na kazi yenyewe imlipie.

Huku nyumbani, akajifunze ule ufundi uliobaki. Little Theatre Club, hapo Mnazi Mmoja, imekuwa jukwaa la mji huu tangu zama za ukoloni. Vikundi vinavyoigiza tamthilia teule za KCSE mashuleni hutafuta vijana, na mtu aliyesimama mbele ya wanafunzi mia tatu wa Kidato cha Nne asubuhi na alasiri, akisema maneno ya mwandishi bila kuacha hata moja, anajifunza kukariri kuliko kozi yoyote ninayoijua. Malipo ni madogo. Swahilipot, karibu na Fort Jesus, kuna vijana wa kamera na wa jukwaa anaoweza kufanya nao mazoezi. Tena asidharau sauti: matangazo ya redio, michezo ya redio, na tamthilia za nje zinazotiwa sauti za Kiswahili zinahitaji watu wenye Kiswahili kilichonyooka, na Mombasa tunacho cha kuzaliwa nacho. Tamthilia zenyewe nazo zimeanza kuteremka huku; Sultana ya Citizen TV, iliyoanza mwaka wa 2022, hadithi yake ni ya Pwani. Watayarishaji wanaokuja kupiga huku hupenda mwigizaji asiyehitaji kulipiwa hoteli.

Na tuktuk airudie. Najua neno hilo litamchoma, kwa hiyo angalia utakavyolisema. Usimwambie "rudi kazini, hayo ya filamu yamekwisha." Waigizaji wengi sana wa Kenya, hata wale mnaowaona kila jioni, wana kazi nyingine: wanafundisha, wanauza nguo, wanaongoza sherehe za harusi. Dereva wa tuktuk anapanga saa zake mwenyewe, anaweza kuiacha siku ya usaili bila kuomba ruhusa kwa bosi. Kwa mwigizaji anayeanza, sijui kazi inayofaa zaidi. Kama ugumu ni kuonekana stendi ya Bombolulu na wale waliomwona akienda Ulaya, aanze na njia nyingine, Changamwe au Likoni, hadi azoee.

Kabla ya hayo yote mwangalie afya yake. Umesema amekataa kazi. Hukusema kama analala, anakula, anatoka. Kama kwa zaidi ya wiki mbili amekuwa halali au analala mchana kutwa, hana hamu ya chakula, amekata marafiki, au ameanza kusema maneno ya kujiona hana faida kuishi, hilo limeshavuka mambo ya filamu. Mpeleke hospitali, usingoje. Port Reitz kuna kitengo cha afya ya akili, na Coast General watampokea na kumwelekeza. Ukisikia ametaja kujidhuru, nenda naye siku hiyohiyo na usimwache peke yake. Mtu kuwa shujaa wa hadithi kwa wiki tano, kisha kuwa si chochote, ni mshtuko hasa, na madaktari wanajua kuutibu.

Kama yuko sawa, mkae naye wiki hii mtafute vitu vinavyomhusu. Atafute mkataba wa kwanza na wa pili, ujumbe wote wa WhatsApp aliotumiwa kuhusu malipo, na rekodi za M-Pesa au benki. Kisha amwandikie mtayarishaji, kwa adabu, bila lawama. Maneno kama haya yanatosha: "Nashukuru kwa kazi tuliyofanya. Naomba nakala ya filamu, picha tano za seti, na ruhusa ya kutumia vipande vya jumla ya dakika mbili kutafutia kazi." Swali la mauzo na mgawo wake lingoje hadi wakili auone mkataba. Wengi hujibu ombi la namna hii, kwa sababu haliwagharimu. Vile vipande viwili, kimoja anachozungumza na kimoja anachonyamaza akisikiliza, vikiunganishwa na jina lake na namba ya simu, ndivyo mtu kama mimi anavyotazama kabla ya kumwita mtu. Mhariri kijana wa hapa mjini atamtengenezea kwa pesa kidogo. Hiyo ndiyo pesa ambayo ningemkopesha.

Aangalie pia mwishoni mwa filamu kama jina lake limeandikwa na limeandikwa sawasawa. Likikosewa, aombe lirekebishwe hata mtandaoni, maana msaili akimtafuta atatafuta kwa jina hilo.

Mkataba umpelekee wakili, asiwe jirani anayejua Kiingereza. Mwombe aangalie mambo matatu tu ili ada isiwe kubwa: kama malipo yalikuwa ya mara moja, kama kuna asilimia au nyongeza ikiuzwa, na kama kuna fedha iliyoahidiwa isiyolipwa. Kama kuna deni la wazi, hamhitaji kesi ndefu. Mahakama ya Madai Madogo husikiliza madai yasiyozidi shilingi milioni moja, na mtu anaweza kujisimamia mwenyewe. Ila muda unakimbia: dai la mkataba lina miaka sita tangu siku mkataba ulipovunjwa, na kazi yake ya kwanza ilikuwa 2019. Kama kuna sehemu ya elfu 180 iliyotakiwa kulipwa mwaka ule na haikulipwa, huenda mlango umeshafungwa. Kama kosa ni la mauzo ya juzi kwenye programu, bado uko wazi. Wakili ndiye atakayeisoma tarehe, kwa hiyo muoneni kabla ya kumwandikia mtayarishaji neno lolote la madai, na jibu la chama kuhusu mkopo lingoje hadi mtoke kwake.